Stoo ya jikoni ya Kiitaliano yaweza kujazwa Tukuyu

KATIKA mji wa Tukuyu, makao makuu ya Wilaya ya Rungwe mkoani Mbeya, chakula si kitu cha kutafuta kwa tochi. Ndizi huingia sokoni kwa mikungu, viazi mviringo hushuka kutoka Isongole kwa magunia, maziwa hukamuliwa vijijini kila asubuhi, na mchele wenye harufu nzuri hupandishwa kutoka Kyela. Hata hivyo, wengi wanaotamani kupika chakula cha Kiitaliano nyumbani hudhani kuwa ni lazima wasafiri takriban kilometa 70 hadi Mbeya mjini, au waagize Dar es Salaam, na kurudi na kikapu kidogo kilichomaliza fedha za wiki nzima.

Dhana hiyo ina ukweli kwa sehemu ndogo tu. Mapishi mengi ya Kiitaliano yanayopendwa duniani hivi leo yalitoka katika majiko ya wakulima na wavuvi waliokuwa na nafaka, maharage, mboga za majani, mafuta kidogo na jibini ya kunusanusa. Vitu vya msingi katika stoo ya mapishi hayo havizidi kumi na vitatu: tambi, nyanya, mafuta, kitunguu saumu, kitunguu maji, maharage, unga wa mahindi, mchele, jibini, majani ya kunukia, samaki wa kopo, siki, pamoja na chumvi na pilipili manga. Zaidi ya nusu ya vitu hivyo hulimwa Rungwe kwenyewe au katika wilaya na mikoa ya jirani.

Tatizo kubwa la stoo ya Tukuyu, kwa hiyo, si uhaba wa bidhaa bali ni unyevu. Mji huu uko zaidi ya meta 1,500 juu ya usawa wa bahari, chini ya Mlima Rungwe, na hupata mvua inayozidi milimita 2,000 katika mwaka wa kawaida. Chakula kilichonunuliwa kwa gharama kikawekwa ovyo huota ukungu, hushika fukusi au huganda kabla mwezi haujaisha. Ndiyo maana kujua namna ya kuhifadhi kuna uzito uleule wa kujua nini cha kununua.

Chakula cha Kiitaliano Afrika Mashariki

Tambi si ngeni katika eneo hili. Katika miji ya pwani, tambi nyembamba za sukari zimekuwa sehemu ya futari ya Ramadhani kwa vizazi vingi, na asili yake ni katika biashara ya Bahari ya Hindi, wala si Italia. Huko Somalia, ambako Waitaliano walitawala sehemu ya kusini, tambi zilizoitwa baasto zilibaki kuwa chakula cha kila siku hata baada ya uhuru wa mwaka 1960.

Nchini Kenya, mji wa Malindi ulipokea Waitaliano wengi kuanzia miaka ya 1960, wakati Italia ilipojenga kituo cha San Marco cha kurusha satelaiti katika Ghuba ya Ngwana. Satelaiti ya kwanza kurushwa kutoka katika jukwaa hilo la baharini iliondoka Aprili 1967. Wataalamu walifuatwa na watalii, hoteli zikafuata, na hatimaye wapishi wa pwani hiyo wakawa mabingwa wa piza na tambi.

Nyanda za Juu Kusini nazo zina historia yake. Wamisionari wa Consolata kutoka Italia walifika Iringa mwaka 1919 na kuendeleza misheni ya Tosamaganga. Miongo kadhaa baadaye, shirika la CEFA lenye makao yake Bologna lilishirikiana na wafugaji wa Njombe kuanzisha kiwanda cha maziwa kilichopata sifa kwa kutengeneza jibini za Kiitaliano, ikiwamo mozzarella. Mfano huo wa Njombe unaonyesha kuwa maziwa ya ng'ombe wa nyanda hizi yanaweza kutoa kitu ambacho wengi walidhani hutoka ng'ambo peke yake.

Ikumbukwe pia kuwa baadhi ya vyakula vinavyoitwa vya Kiitaliano si vya asili ya Italia. Nyanya na mahindi yote yalitoka Amerika na kufika Ulaya baada ya mwaka 1492, kama yalivyofika Afrika. Mkulima wa Rungwe na mkulima wa Lombardia walipokea mbegu zilizotoka bara moja.

Rafu ya kwanza: mazao ya Rungwe na majirani

Stoo ianze na vile vilivyo karibu, kwa kuwa ndivyo rahisi na ndivyo vibichi.

Maharage. Waitaliano hupenda sana maharage yenye madoadoa yaitwayo borlotti, ambayo hupikwa hadi mchuzi ukawa mzito. Maharage ya madoadoa yanayouzwa katika masoko ya Tukuyu na Kiwira yanashika nafasi hiyo bila shida, na yale ya njano nayo yanafaa. Kituo cha utafiti wa kilimo cha Uyole, mkoani Mbeya, kimetoa aina kadhaa za mbegu za maharage zilizopewa jina la kituo hicho. Mnunuzi achague maharage ya msimu, yenye ngozi inayong'aa na yasiyo na matundu. Maharage ya miaka miwili hayaivi sawasawa hata yakichemshwa mchana kutwa.

Unga wa mahindi. Chakula kiitwacho polenta, kinacholiwa kaskazini mwa Italia, ni ndugu wa karibu wa ugali. Tofauti ni kwamba unga wake ni wa chengachenga, aghalabu wa mahindi ya njano, hupikwa laini kwa muda wa dakika 40 au zaidi, kisha huongezwa siagi na jibini. Mahindi ya njano yana sifa mbaya kwa baadhi ya wazee wanaokumbuka msaada wa chakula wa miaka ya njaa, uliobatizwa "unga wa Yanga" kwa rangi yake. Asiyeyataka atumie mahindi meupe, ila amwombe mwenye mashine asage kwa chekeche lenye matundu makubwa. Dona hufaa zaidi ya sembe kwa kuwa hubaki na kiini.

Historia ya polenta ina onyo pia. Katika karne ya 18 na ya 19, wakulima maskini wa kaskazini mwa Italia walioishi kwa mahindi karibu peke yake walikumbwa na pelagra, ugonjwa unaotokana na upungufu wa vitamini ya niasini. Kwa sababu hiyo polenta haipaswi kusimama peke yake mezani: iende na maharage, maziwa, samaki au nyama.

Mchele. Mchele wa Kyela unafahamika nchini kote kwa harufu yake. Kwa wali wa njegere, au wali wa baridi uliochanganywa na mboga na siki, unafaa sana. Lakini chakula kiitwacho risotto, ambacho wali wake hutakiwa kuwa kama uji mzito, hutegemea mchele mfupi na mnene wenye wanga mwingi, kama Arborio au Carnaroli. Anayetumia mchele wa hapa achague chembe fupi, asiuoshe sana ili wanga usipotee, na asitarajie ulaini uleule.

Nyanya. Kwa mchuzi wa tambi hutakiwa nyanya ndefu, zenye nyama nyingi na maji machache. Aina za Roma VF, Cal-J, Tanya na Tengeru 97 zimelimwa sana nchini. Roma, licha ya jina lake, haikutoka Italia. Ilizalishwa na watafiti wa Idara ya Kilimo ya Marekani katika miaka ya 1950. Nyanya nyingi za Nyanda za Juu Kusini hutoka Iringa, hususan Ilula.

Vitunguu, majani na viazi. Kitunguu saumu na kitunguu maji havipaswi kukosekana hata siku moja. Mrehani, ambao ni ndugu wa kivumbasi kinachofukuza mbu, huota vizuri katika kopo dirishani penye jua, lakini hauvumilii baridi ya Juni na Julai. Rosemari huvumilia zaidi na hupandwa kama ua. Viazi mviringo vya Isongole, vikichemshwa, kupondwa na kukandwa na unga wa ngano kidogo, hutoa madonge madogo yaitwayo gnocchi, ambayo huchemshwa kwa dakika chache na kuliwa na mchuzi wa nyanya.

Maziwa. Rungwe ni wilaya ya ng'ombe wa maziwa, na jibini laini inaweza kutengenezwa nyumbani kwa nusu saa. Lita mbili za maziwa huchemshwa mpaka yatokote, huepuliwa, kisha huongezwa vijiko vikubwa vinne vya maji ya limau au siki na kukorogwa polepole. Maziwa yakishaganda humiminwa katika kitambaa safi na kuachwa yachuje kwa dakika 20. Jibini hiyo si ricotta halisi, kwani ricotta hutengenezwa kwa maji yanayobaki baada ya jibini nyingine, lakini jikoni hufanya kazi ileile. Iliwe ndani ya siku mbili au tatu. Maziwa mabichi yasitumiwe kamwe bila kuchemshwa, kwa kuwa yanaweza kubeba vimelea vya brusela na kifua kikuu.

Rafu ya pili: vya dukani

Tambi. Sheria ya Italia ya mwaka 1967 inataka tambi kavu zinazotengenezwa nchini humo zitokane na ngano ngumu, inayoitwa duramu. Si kila tambi inayouzwa Afrika Mashariki ina ngano hiyo. Mnunuzi asome upande wa viungo kwenye pakiti. Tambi za ngano ngumu zina rangi ya kaharabu, hukatika kwa mlio, na zikipikwa hazigeuzi maji kuwa uji. Ikiwa fedha inatosha aina mbili tu, achukue tambi ndefu za spageti kwa mchuzi mwepesi, na makaroni mafupi kwa maharage na supu.

Wakazi wa Tukuyu wafahamu jambo moja ambalo pakiti haisemi. Kwa mwinuko wa mji huo, maji huchemka katika nyuzijoto zipatazo 95 badala ya 100. Tambi zilizoandikwa dakika 9 zinaweza kuhitaji dakika 11 au 12, na maharage huchukua muda mrefu zaidi kuliko Dar es Salaam. Kipimo cha kawaida ni lita moja ya maji na gramu 10 za chumvi kwa kila gramu 100 za tambi. Mafuta hayahitajiki ndani ya maji hayo.

Nyanya ya kopo. Kopo dogo la gramu 70 hutosha kukoleza mchuzi wa watu watano likichanganywa na nyanya tatu au nne mbichi. Inafaa kukaangwa katika mafuta kwa dakika mbili kabla ya kuongeza maji, ili ukali wake upungue. Kopo lililofunguliwa lisibaki stoo. Kinachosalia kihamishiwe katika chombo cha kioo, kifunikwe kwa mafuta kidogo na kuwekwa kwenye jokofu.

Samaki wa kopo. Waitaliano hutumia samaki wadogo waliowekwa chumvi ili kuupa mchuzi ladha nzito. Sadini ya kopo yaweza kukaa mahali pao, na usipa mkavu kutoka Ziwa Nyasa, ukikaangwa na kusagwa, hutoa ladha iliyo karibu na hiyo. Usipa uwe mkavu kabisa, kwani huvuta unyevu haraka.

Vingine. Chumvi yenye madini joto, pilipili manga nzima, siki, unga wa ngano, na kungumanga ya Zanzibar ambayo hukwaruzwa kidogo juu ya mchicha au jibini laini. Kwa mafuta ya kukaangia, alizeti inatosha.

Rafu ya tatu: vya ng'ambo

Vitu viwili tu ndivyo vigumu kupatiwa mbadala: mafuta ya zeituni na jibini ngumu.

Mafuta ya zeituni ya daraja la juu, yanayoandikwa 'extra virgin' kwenye chupa, hukamuliwa bila kemikali na asidi yake haizidi asilimia 0.8. Chupa zinazotaja 'pomace' ni za mafuta yaliyotolewa katika makapi. Ni halali, lakini si ya daraja hilo, na bei yake haipaswi kulingana. Njia ya kuyabania ni kukaangia kwa alizeti na kumwagia kijiko kimoja cha zeituni juu ya chakula kilichokwisha kuiva. Chupa ndogo ya rangi nyeusi au kijani ni bora kuliko galoni, kwa sababu mwanga na hewa huyaharibu.

Jibini ngumu, ambayo wengi huiita chizi ya kukwaruza, maarufu zaidi ni Parmigiano-Reggiano. Hutengenezwa katika maeneo ya Parma, Reggio Emilia, Modena na sehemu za Bologna na Mantova, na hukomazwa kwa muda usiopungua miezi 12. Kipande cha gramu 200 kinaweza kutumika mwezi mzima kikikwaruzwa kijiko kimoja kwa sahani. Maganda yake yasitupwe: hutiwa katika sufuria ya maharage na kuupa mchuzi ladha. Ile iliyokwisha kusagwa na kuuzwa katika makopo aghalabu huchanganywa na vitu vingine vya kuizuia isigande.

Divai si lazima. Anayeitumia hana haja ya kuagiza mbali. Zabibu za Dodoma zimekuwa zikitoa divai kwa miongo mingi.

Kiasi cha mwezi mmoja

Familia ya watu watano inayokula chakula cha Kiitaliano mara mbili kwa wiki inaweza kuanza na kiasi kifuatacho:

- Tambi kilo 2, nusu ndefu na nusu fupi
- Maharage kilo 2
- Unga wa mahindi wa chengachenga kilo 2
- Mchele kilo 1
- Nyanya ya kopo, makopo madogo 8
- Vitunguu maji kilo 2 na vitunguu saumu vichwa 6
- Mafuta ya alizeti lita 1
- Mafuta ya zeituni nusu lita, yanayoweza kufika miezi miwili
- Jibini ngumu gramu 200
- Samaki wa kopo, makopo 2
- Siki chupa 1, chumvi nusu kilo, pilipili manga gramu 50
- Oregano kavu, kichupa kimoja

Kwa mwenye kipato kidogo, mpangilio wa ununuzi ni muhimu. Mwezi wa kwanza anunue tambi, nyanya ya kopo na vitunguu, kwani maharage na unga huenda tayari anavyo. Mwezi wa pili aongeze siki, samaki wa kopo na pilipili manga. Mafuta ya zeituni na jibini vije mwishoni. Chakula kitakosa harufu fulani, lakini hakitakosa kuitwa chakula.

Aidha, kabla ya kulipa, mnunuzi atazame tarehe ya mwisho wa matumizi. Tangu mwaka 2019, usimamizi wa usalama wa chakula uko chini ya Shirika la Viwango Tanzania (TBS), baada ya kuondolewa katika iliyokuwa TFDA. Kopo lililovimba, lililopata kutu kwenye mshono au lililobonyea ukingoni halifai hata likiuzwa nusu bei.

Unyevu, adui wa stoo

Kanuni ya kwanza ni kuinua. Hakuna chakula kinachopaswa kugusa sakafu wala ukuta. Rafu iwe walau sentimeta 15 juu ya sakafu na iachwe nafasi ya vidole vinne nyuma yake ili hewa ipite. Dirisha la stoo lifunguliwe mchana penye jua na kufungwa kabla ukungu wa jioni haujatanda.

Kanuni ya pili ni kufunika. Tambi, unga na mchele vihamishwe kutoka katika mifuko laini ya dukani na kuwekwa katika ndoo au mitungi yenye vifuniko vya kubana, na kila chombo kiandikwe tarehe. Kipya kikae nyuma, cha zamani mbele. Chembe chache za mchele katika kichupa cha chumvi huizuia isigande.

Kanuni ya tatu inahusu wadudu. Fukusi huingia na maharage kutoka shambani wakiwa mayai, na dumuzi, ambaye wakulima wengi wanamjua kwa jina la skania, hula mahindi hadi yakabaki vumbi. Kwa anayenunua gunia zima wakati wa mavuno, mifuko ya PICS yenye tabaka tatu hufaa: ikifungwa vizuri, hewa ya ndani huisha na wadudu hufa bila dawa. Kwa kilo chache, chombo cha kubana kilichojazwa hadi juu hufanya kazi iliyo karibu na hiyo.

Kanuni ya nne ndiyo inayogusa uhai. Mahindi na karanga zilizohifadhiwa na unyevu huota kuvu wanaotoa sumukuvu, ambayo haionekani kwa macho wala haiondolewi kwa kupika. Mwaka 2016, sumukuvu katika mahindi iliwaugulisha watu 68 na kuwaua 20 katika mikoa ya Dodoma na Manyara, ambako mvua ni chache kuliko Rungwe. Nafaka iliyoota ukungu isipepetwe na kusagwa. Itupwe, na isipewe kuku wala ng'ombe wa maziwa. Unga usagwe kidogo kidogo, wa wiki mbili au tatu, kuliko kuweka wa miezi.

Kwa jibini ngumu kanuni ni tofauti kidogo. Ukungu ukitokea upande mmoja, kata sehemu hiyo pamoja na sentimeta mbili na nusu kuizunguka, kinachobaki kinaliwa. Jibini laini yenye ukungu hutupwa yote.

Nyanya za chupa na kitunguu saumu

Bei ya nyanya inaposhuka, wengi hutaka kuzisindika nyumbani kama wafanyavyo Waitaliano kila mwisho wa kiangazi. Ni jambo jema, lakini lina hatari. Bakteria anayesababisha sumu ya botulizimu hukua mahali pasipo na hewa wala asidi ya kutosha, na nyanya zimo mpakani. Kila chupa ya nusu lita iongezwe kijiko kikubwa kimoja cha maji ya limau ya chupa ya dukani, au robo ya kijiko cha chai cha asidi ya sitriki. Limau bichi halifai kwa kazi hii kwa sababu ukali wake hubadilika kutoka tunda hadi tunda.

Nyanya zilizopondwa na kuchemshwa hutiwa zikiwa za moto katika mitungi ya kioo yenye vifuniko vipya vya kubana, kisha mitungi hiyo hutumbukizwa katika maji yanayochemka na kuifunika kabisa. Kwa mwinuko wa Tukuyu, mitungi ya nusu lita ichemshwe kwa dakika 45. Pwani, dakika 35 zingetosha. Chupa za soda na za maji hazifai. Mtungi ambao kifuniko chake kimevimba au kinachotoa povu utupwe bila kuonjwa. Kuanika nyanya juani kunawezekana zaidi kati ya Agosti na Oktoba, mvua inapopungua.

Kosa jingine ni kuweka kitunguu saumu kibichi ndani ya chupa ya mafuta na kuiacha rafuni ili mafuta yapate harufu. Hilo nalo huweza kuzaa sumu ileile. Mafuta ya namna hiyo yatengenezwe kidogo, yakae kwenye jokofu na yatumike ndani ya siku nne.

Milo mitatu bila kwenda sokoni

Stoo iliyojazwa vizuri hupimwa siku ya mvua kubwa, wakati hakuna anayetaka kutoka nje.

Wa kwanza ni tambi za kitunguu saumu. Vipande vya punje nne hukaangwa polepole katika mafuta pamoja na pilipili kidogo hadi vikawa vya dhahabu, si vyeusi. Tambi zilizoiva huongezwa pamoja na nusu kikombe cha maji yaliyozipikia, zikakorogwa hadi mafuta na maji vikashikana.

Wa pili ni makaroni na maharage. Maharage yaliyolowekwa usiku huchemshwa kwa nguvu dakika kumi za mwanzo, kisha kwa moto mdogo hadi yalainike. Nusu yake hupondwa na kurudishwa sufuriani pamoja na kitunguu kilichokaangwa, nyanya ya kopo na rosemari. Makaroni hupikwa humohumo. Kwa maelfu ya familia za Italia, huu ulikuwa mlo wa nyama wa wasio na nyama.

Wa tatu ni polenta kwa mboga za majani. Figiri au chainizi huchemshwa kidogo, hukamuliwa maji na kukaangwa kwa kitunguu saumu na sadini, kisha huwekwa juu ya unga ulioiva. Mgeni wa Kinyakyusa atakayekaribishwa mlo huo huenda akauliza ni ugali gani huu uliolegea. Akionja na maharage ya jana pembeni, atatambua kuwa hayuko mbali na kwao.

Kwa ujumla, anayeanza leo na kilo mbili za maharage, tambi za ngano ngumu, makopo machache ya nyanya na ndoo mbili zenye vifuniko vya kubana ameshavuka sehemu kubwa ya safari. Vilivyobaki vitakuja kadiri mfuko unavyoruhusu, ilimradi vile vilivyokwisha kununuliwa vinakaa pakavu.